Shira na Mlango Uliofungwa

Shira huharibiwa na mwiko. Mmemsikia bibi yenu akimwambia hivyo jirani aliyekuja kwa mara nyingine kuuliza kama posa ya dada yenu imejibiwa. Mkacheka, kisha mkanijia mimi kuniuliza shira na posa vinakutana wapi. Vilikutana Amani, kwenye milima inayoitazama Muheza, nyumbani kwa mkulima wa iliki aliyeitwa Semkiwa. Kaeni, niwaeleze methali hii ilivyoanza.

Mzee Semkiwa hakuwa na mke, kwani Mama Hadiya alikuwa amefariki masika yaliyopita. Hakuwa na dada wa kumwita jikoni. Hakuwa na sufuria nzima. Aliyokuwa nayo ilikuwa imebonyea ubavuni, ikakaa mafigani kama mtu anayetaka kuondoka. Hakuwa na mtoto wa kiume, wala ng'ombe, wala redio. Na kuliko hayo yote, hakuwa na subira. Akipanda mbegu leo, kesho anaifukua kutazama kama imeota.

Alichokuwa nacho ni binti mmoja, Hadiya, na sifa aliyoiacha mkewe. Marehemu alikuwa akipika shira ya viungo: sukari na maji, tangawizi iliyopondwa, iliki, kijiti cha mdalasini na karafuu chache. Mgeni alitiliwa kidogo ndani ya bilauri, akamiminiwa maji ya mtungi, akanywa, na kesho yake akatafuta sababu ya kupita tena njia ile. Wengine waliitia kwenye chai ya rangi. Lakini wakati wa kuipika, Mama Hadiya alifunga mlango wa jiko, na watu wakasema ana siri yake. Wako waliosema anatia asali ya nyuki wadogo, na wako walioapa kwamba anaisomea dua.

Mwaka huo ikaja barua ya posa kutoka Muheza. Mposaji alikuwa Mhina, fundi cherehani, kijana ambaye hakuna aliyemwona na dosari isipokuwa kucheka kwa sauti kubwa. Semkiwa alimpenda tangu siku alipomshonea kanzu ikamkaa sawasawa. Alipomuuliza binti yake, Hadiya alijibu, "Nipe nafasi nifikiri, Baba."

Kwa Semkiwa, nafasi ni tangu asubuhi hadi jioni. Kesho yake akamuuliza tena. Akamuuliza shambani, akamuuliza akiwa anaanika iliki. Akamwita jirani yao, Bi Chausiku, azungumze naye kama mama. Bi Chausiku akaja na mawifi zake. Kila mmoja alikuwa na neno lake. Na kadiri maneno yalivyoongezeka, ndivyo Hadiya alivyozidi kunyamaza, mpaka akawa anajibu kwa kichwa tu. Baba mtu akaingiwa na hofu. Je, binti akimkataa Mhina kwa hasira? Au akimkubali kwa kuchoka, halafu alie maisha yake yote?

Mshenga, Mzee Mbaruku, akaleta habari kwamba atapanda Jumamosi kusikia jibu.

"Jibu sina," Semkiwa akasema moyoni, "lakini shira nitakuwa nayo. Asiende kusema nyumba yangu imekufa pamoja na mke wangu."

Jumamosi asubuhi, Hadiya alipokwenda mtoni kufua, Semkiwa akabandika sufuria. Sukari ikayeyuka vizuri, viungo vikanukia mpaka njiani, na harufu hiyo ikamleta Bi Chausiku.

"Shemeji, mbona mwiko umelala? Koroga, itaungua!"

Semkiwa akakoroga. Bi Chausiku akaonja, akaurudisha mwiko, akakoroga na yeye kidogo. Akapita Mzee Ngoda, mwenye shamba la jirani, akasimama mlangoni akitikisa kichwa.

"Unaipapasa kama mtoto mchanga. Lete hapa!"

Mzee Ngoda akakoroga kama anayechota udongo. Alipochoka, Semkiwa akaupokea mwiko, akaendelea mpaka bega likamuuma. Wakaipua. Shira ilipoanza kupoa ikapoteza mng'ao, ikaingia ukungu, kisha ikaganda chengachenga kama mchanga wa mto. Mwiko ukasimama wenyewe katikati ya sufuria.

Bi Chausiku akautazama. "Loo! Marehemu kaondoka na siri yake," akasema, na papo hapo akakumbuka kwamba ameacha maharage motoni. Mzee Ngoda alikuwa ameshatoweka.

Hadiya aliporudi na beseni la nguo, alimkuta baba yake ameketi kizingitini, sufuria miguuni.

"Baba, umeikoroga?"

"Sikupumzika hata kidogo! Liulize bega hili."

"Ndiyo maana." Hadiya akacheka, mara ya kwanza tangu barua ije. "Sukari ikishayeyuka haiguswi. Ukiisumbua inarudi kuwa sukari."

"Na siri ya mama yako? Ule mlango?"

"Siri ndiyo huo mlango, Baba. Alikuwa akiwafungia nje watu na miko yao."

Akaongeza maji, akairudisha motoni mpaka chenga zote zikayeyuka, akakamulia ndimu, akautundika mwiko ukutani. Wakatoka nje, akafunga mlango. Semkiwa akakaa. Akasimama. Akakaa, akasimama tena.

"Nachungulia tu."

"Kuchungulia kwako, Baba, kuna mwiko ndani yake."

Semkiwa akaketi. Akamgeukia binti yake, akauliza kwa sauti ndogo, "Hadiya, na wewe nimekukoroga?"

"Wewe, na Bi Chausiku, na mawifi zake. Kila nikilikaribia jibu, mnaniletea mwiko mwingine. Narudi mwanzo."

Mchana Mzee Mbaruku akafika, jasho likimtiririka. Akapewa bilauri. Akanywa, akafumba macho. "Hii ndiyo yenyewe! Haya, jibu liko wapi?"

"Bado."

"Bado? Semkiwa, Muheza haikuishiwa mabinti, na baba yake Mhina si mtu wa kungoja. Mwite hapa, tumuulize mbele yangu, tumalize."

Kumwita kulikuwa neno moja tu, na ulimi ulimwasha Semkiwa. Alimtaka Mhina awe mkwewe kuliko alivyoitaka redio. Lakini kupitia mlango wa jiko, uliokuwa wazi sasa, aliuona mwiko ukutani, umetulia.

"Mzee mwenzangu," akasema, "shira huharibiwa na mwiko. Mkichoka kungoja, sitawalaumu. Ila mimi simwiti."

Mshenga akateremka na chupa ya shira mkononi na maneno hayo mdomoni, akayarudia kila alipoketi kupumzika. Hivyo ndivyo yalivyoanza kutembea.

Siku zikapita, Muheza kimya. Majirani walipokuja na maneno yao, Semkiwa aliwapa kiti, akawapa kinywaji, akazungumzia mvua. Shira ilipokwisha, akaingia jikoni peke yake, akafunga mlango.

Kesho yake alikuwa akichambua iliki kwenye ungo, Hadiya akaja akaketi karibu naye.

"Baba, andika. Waambie nimekubali."

Ungo ukamponyoka, iliki zikatawanyika. "Mbona leo?"

"Mhina sikuwa na shaka naye. Shaka ilikuwa juu yako. Nilikuwa nikijiuliza: nikiondoka, ataishije peke yake mtu asiyeweza hata kuiacha mbegu ardhini? Jana ulipojifungia jikoni, nilikuwa nje ya mlango nasikiliza." Akaanza kuokota iliki. "Sikusikia mwiko."

Semkiwa aliandika barua kwa mkono wake, mistari imenyooka. Gundi ya bahasha ilikuwa imeharibiwa na unyevu wa milimani, kwa hiyo akachovya kidole kwenye shira, akapaka, akabana mara moja, akaondoa mkono. Lori la majani ya chai lilikuwa limekwisha simama barabarani. Semkiwa akaliendea, na nyuma yake Bi Chausiku akaja mbio, kanga begani.

"Shemeji, ngoja! Ifungue kidogo, niongeze neno langu moja tu!"

"Shira huharibiwa na mwiko, shemeji," akasema Semkiwa. Akampa dereva barua, na lori likaanza kuteremka kwenda Muheza.