Nani Aliyemuua Mama Mkwe

Kaeni chini wote, wakubwa kwa wadogo. Mwenye muwa autafune sasa, maana nikishaanza sitaki kusikia taya. Leo nawapa kesi. Hukumu yake sina, kwa hiyo nikifika mwisho msinikodolee macho mimi.

Walikuwako ndugu watatu, wanawake, baba mmoja mama mmoja, huko Korogwe nyuma ya soko. Walilelewa chumba kimoja, kitanda kimoja, na kioo kimoja chenye ufa. Kila asubuhi walipangana foleni mbele ya kile kioo, na kila asubuhi aliyekuwa nyuma alimwona aliye mbele anachelewa makusudi.

Mkubwa, Siwema, alipewa macho. Sisemi macho ya urembo, kwa urembo alipitiwa. Macho ya kukumbuka. Akikutazama unashona mkeka mara moja tu, kesho anakueleza ulipokosea. Lakini mikono yake mizito kama mchi. Akimimina chai, nusu inaishia kwenye sahani.

Wa kati, Zamda, alipewa vidole. Anamenya karanga kilo mbili huku anagombana na mtu, wala haangalii ungo. Kichwani sasa, hakikai kitu. Umtume chumvi, atarudi na kibiriti, na atakulaumu wewe.

Wa mwisho, Mgeni, alipewa subira, kitu ambacho watu hukisifu kwa mdomo tu. Haendi mbio, hasemi sana, anaokota. Uzi, kifungo, kipande cha sabuni, vyote anaweka. Dada zake walimwita Kapu.

Siwema akivitazama vidole vya Zamda alijiona kama kaibiwa. Zamda akimsikia Siwema anakumbuka jambo, alisonya. Na Mgeni aliwaonea wivu wote wawili, kimyakimya, kwa hesabu: leo nani kaitwa kwa jina lake, nani hakuitwa.

Sasa, pale sokoni palikuwa na mzee mmoja, Mzee Shekiondo, mwenye kibanda cha gemu ubavuni mwa kinyozi. Ndani mna runinga moja ya kichogo, benchi, pedi mbili ambazo vibonyezo vyake vimelika vikawa laini, na kaseti moja ya zamani. Kaseti hiyo haiwaki mpaka ipulizwe, na mpulizaji awe Mzee mwenyewe. Mwingine akipuliza inagoma, au ndivyo Mzee alivyowaaminisha watu miaka yote ile.

Gemu yenyewe ni ya mtu mdogo anayekimbia na kuruka. Anavuka mashimo, anapanda ngazi, na mwisho wa kila nchi anakuta jitu limekaa njiani. Majitu manane, na soko zima lilikuwa limeyapa majina. La kwanza hutoka, likapiga kelele, likarudi ndani bila kufanya lolote. Hilo waliliita Diwani. La nne hurusha kila kilicho karibu, hilo Shangazi. La nane, la mwisho, ni jitu la kike lenye mbavu za chuma. Halikimbii, halisogei, linakutazama tu mpaka ukosee. Hilo ndilo Mama Mkwe. Hakuna mtu wa Korogwe aliyewahi kumuua Mama Mkwe.

Magoti yalipomshinda, Mzee Shekiondo akaamua kuhamia Handeni kwa binti yake. Akasimama mlangoni, akatangaza:

"Hii kaseti ina betri tumboni. Atakayemmaliza Mama Mkwe ataulizwa jina. Likiandikwa halifutiki. Jina nitakalolikuta humo, mwenye jina nampa ufunguo wa kibanda na vilivyomo. Jina moja. Kibanda cha watu watatu kinafungwa kabla ya mfungo."

"Na nikikuta jina la mbuzi, Mzee?" kinyozi akauliza.

"Mbuzi atafungua saa mbili asubuhi, na hatachelewa kama wewe."

Watu wakacheka. Wale ndugu watatu hawakucheka. Kwao kile kibanda kilikuwa mlango wa kwanza ambao mmoja wao angeufunga kwa ufunguo wake mwenyewe, wengine wakabaki nje.

Kila mmoja akajaribu peke yake. Siwema akatumbukia kwenye shimo la kwanza kabisa, mara tisa. Zamda akafika jitu la tatu, akakimbilia moto kama anakimbilia pilau. Mgeni alikwenda polepole mno, muda ukamwishia hata Diwani hajatoka. Ndipo wakaungana, kwa shingo upande, kama watu wanaobeba jeneza la jirani wasiyempenda. Gemu ilikuwa na nafasi ya wachezaji wawili. Zamda akashika pedi moja, Mgeni ya pili, Siwema akasimama nyuma yao kuwaelekeza.

"Jina tutaandika la nani?" Mgeni akauliza.

"Tutajua tukifika," wakamjibu wote wawili.

Hapo ndipo walipoharibu, ila wakati ule lilionekana neno la busara.

Ikawa Jumamosi, saa nne asubuhi, soko limejaa. Mzee akapuliza kaseti, picha ikatokea.

Macho ya Siwema ndiyo yaliyoanza. Miaka miwili alikuwa akija kutazama wenzake wakicheza, na tabia za majitu alizijua kama mke anavyoijua hatua ya mume aliyechelewa. "Mbili, tatu, inama. Sasa ruka. Usipige. Nimesema usipige."

"Nimesikia, da Siwema."

"Umesikia na umepiga."

Lakini walipita. Diwani akafa. La pili, la tatu, Shangazi na masufuria yake, la tano. Siwema anasema, linatokea alivyosema.

Vidole vya Zamda vikafuata. Jitu la sita hufungua jicho kwa muda wa kupepesa kope, likafunga. Kuona, Siwema aliona. Mtu wa kulifikia jicho lile kwa muda ule alikuwa mmoja tu. Dole gumba la Zamda likatetema juu ya kibonyezo mpaka likawa halionekani, jitu likaanguka, na kibanda kizima kikapiga makofi. "Zamda! Zamda wa karanga!" Kinyozi aliacha kichwa cha mteja nusu kimenyolewa, akaja kuchungulia.

Mgeni naye, nyuma huko, anaokota. Kwenye gemu ile kila mtu hupewa roho tatu za kuanzia, na ukikusanya nyota hamsini unaongezewa moja. Dada yake anakimbilia mbele, yeye anarudi kwa ajili ya nyota iliyobaki kwenye kona. "Kapu, twende," Zamda anamwambia. Watu wanacheka. Mgeni anaokota nyingine. Mwisho wa jitu la sita alikuwa na roho tano mkononi, na hakuna aliyetazama.

Yale makofi sasa. Siwema alikuwa ameyahesabu. Kwa majitu matano aliyoyataja yeye, hakuna aliyepiga hata kofi la mbu. Kwa moja la Zamda, mpaka kinyozi. Basi walipofika jitu la saba akahesabu kama kawaida, "Mbili," kisha akameza mate, kisha, "tatu." Zamda akafa. Akafufuka, akafa tena vilevile.

"Da Siwema, umelala?"

"Sijalala. Nilikuwa nasikiliza makofi yako."

Zamda akageuka akamtazama. Siwema akatazama runinga. Jitu la saba liliuawa Zamda akiwa amebakiwa na roho moja, na hiyo akaja kuipoteza mbele ya Mama Mkwe hata kabla hajakaa sawa kwenye benchi.

Gemu ile ina tabia mbaya. Aliyeishiwa roho akibonyeza vibonyezo viwili kwa pamoja, anachukua ya mwenzake bila kupiga hodi. Zamda akabonyeza.

"Umeniibia," Mgeni akasema.

"Nimechukua. Cha ndugu hakiibwi."

"Ungeomba."

"Ningeomba tungekuwa tumeshakufa."

Akafa, akachukua. Akafa, akachukua. Akafa, akachukua. Zile nyota zote Mgeni alizorudia nyuma huku watu wakimcheka, Zamda alizimaliza kama anakula njugu. Mwisho kila mmoja akabaki na roho moja, na Mama Mkwe kakaa palepale, hana hata mkwaruzo. Kila pigo linagonga ubavu wa chuma na kurudi.

Ndipo Siwema akasema, taratibu, "Kifua chake hufunguka akimeza mtu."



"Unajua tangu lini?" Zamda akauliza.

"Tangu mwaka juzi. Alipita dereva mmoja wa Arusha, akafika hapo, akamezwa. Niliona taa nyekundu kifuani. Watu wote walikuwa wanamcheka dereva."

"Na hukusema."

"Hukuniuliza. Wewe na vidole vyako mlikuwa hamna shida na mtu."

Hesabu ikawa rahisi. Mmoja amezwe, mmoja apige. Mpigaji ni Zamda, hilo hata mtoto anajua. Wote wakamgeukia Mgeni.

Mgeni akaweka pedi mapajani. "Sendi."

"Kapu, muda unakwisha."

"Nina jina."

Namba za muda pale juu zinashuka. Arobaini. Thelathini na tano. Zamda kauma midomo. Tangu wazaliwe hajawahi kumwomba mdogo wake hata sindano. Akitaka kitu anachukua. Siwema naye kakaza shingo, anaona afadhali washindwe wote kuliko yeye kuanza. Thelathini. Kinyozi akasema, "Jamani, ombaneni," akafokewa na watatu kwa pamoja.

"Mgeni," Zamda akasema, kama mtu anayetema mfupa.

"Naam."

"Nenda."

"Hiyo si kuomba."

Ishirini.

"Mgeni wa mama. Nakuomba, mdogo wangu."

Mgeni akaokota pedi. Yule mtu wake mdogo akatembea, hakukimbia hata pale, mpaka miguuni kwa Mama Mkwe, akaruka mwenyewe mdomoni. Mbavu zikafunguka. "Moja, mbili, sasa," Siwema akasema, na safari hii hakumeza mate. Dole la Zamda likashuka mara tatu ndani ya muda ambao mimi na wewe tungepiga chafya moja.

Mama Mkwe akapasuka vipande vipande. Watu wakarukaruka mpaka bati likatikisika. Kisha runinga ikawa nyeusi, na katikati kukatokea vistari sita vinavyowaka na kuzimika, vinangoja jina.

Zamda akanyoosha kidole. Siwema akamdaka mkono.

"Wapi?"

"Naandika. Nani aliyempiga? Wewe hata shimo la kwanza hulivuki."

"Nani aliyekwambia pa kupiga? Bila mimi ungekuwa mpaka leo unagonga chuma."

"Bila wewe nisingepoteza roho mbili kwenye la saba. Ulichelewa makusudi, na Mungu anakuona."

"Nilichelewa mara mbili. Nilisema kweli mara mia."

Mgeni akakohoa. "Hizo roho mlizokuwa mnakufa nazo zilikuwa za nani?"

"Wewe ulitaka kutupotezea muda mpaka upigiwe magoti," Zamda akamwambia.

"Sekunde ishirini. Mimi mmeniita Kapu miaka ishirini na mbili."

Kinyozi akataka kusuluhisha. Waandike herufi moja ya kila mmoja, nafasi ipo. Wakalikubali neno hilo kwa muda wa kumeza mate. Kisha Siwema akauliza, "Itaanza ya nani?" na likafia hapo. Hata hivyo Mzee Shekiondo alikuwa ameshatikisa kichwa. Alisema jina la mtu, na mtu awe mmoja. Akaingiza ufunguo kwenye mfuko wa koti, akakaa juu ya sanduku lake la safari.

Basi ndivyo walivyo. Pedi imelazwa katikati ya benchi. Siwema kushoto, Zamda kulia, Mgeni chini kwenye mkeka, bega lake limegusa waya. Hakuna anayetoka kwenda kula, maana akitoka atarudi akute jina. Hakuna anayesogeza mkono, maana wawili wataurukia. Watu wa soko wamechoka, wamerudi kwenye nyanya zao. Na umeme wa mtaa ule mnaujua. Umeshapepesa mara mbili. Ukikatika kabla jina halijaandikwa, Mama Mkwe atafufuka na kukaa palepale alipokuwa, Mzee ataondoka na kaseti yake, na hao watatu watarudi kwenye kitanda kimoja na kioo kimoja.

Haya, nimemaliza sehemu yangu. Siwema alimjua Mama Mkwe, lakini alificha alichojua na akachelewesha hesabu. Zamda alimpiga, lakini kwa roho za kunyang'anya. Mgeni alimezwa, lakini mpaka aombwe. Mmoja akikosekana, Mama Mkwe yu hai. Usinijibu "wote watatu", hilo jibu ni la mtu anayetaka kwenda nyumbani.

Umeme unapepesa mara ya tatu, na pedi iko mbele yako. Je, wewe ungeandika jina la nani? Na wale wawili utakaowaacha, utawaambia nini wakati wanakutazama?