Ndevu za Shubiri

Palikuwa na sultani aliyependa kusifiwa haki kuliko kuitenda. Jina lake Zahrani, mji wake Mkandoni, na ndevu zake, jamani, acheni tu! Zilitangulia kuingia barazani, mwenyewe akafuata nyuma.

Siku moja matajiri wa sokoni walimwendea wakilia. Wanawake wanauza mikate mitamu kuliko yao, tena kwa bei nafuu. "Maulana, watoe!" Sultani akataka kuwatoa, lakini akaogopa midomo ya wageni, wasije wakasema Mkandoni kuna ubaguzi. Akamtuma kadhi wake, Kadhi Shamte, azunguke miji ya jirani, aone wenzao wametunga sheria gani za usawa. Kadhi akaenda, akala pilau za watu, akarudi na habari. Kesho yake mpiga mbiu akapita mitaani:

"Kila auzaye sokoni na awe na ndevu zenye urefu wa shubiri moja ya mkono! Sheria ni moja kwa wote!"

Wanaume wakajipapasa videvu, wakacheka. Wanawake wakakusanya vikapu vyao, wakarudi nyumbani.

Miongoni mwao alikuwamo Mize binti Kombo, mjane, muuza mikate ya mofa. Mkate ule ndio uliomlisha yeye na mama mkwe wake aliyekuwa haoni. Na ulimi wake ulikuwa mkali. Majirani walisema marehemu mumewe alikufa akiwa bado anatafuta jibu. Mize alikaa akitazama tanuri lake la mofa lililopoa, hasira ikampanda, hofu nayo ikamshika, maana sultani ni sultani. Mwisho hasira ikashinda. Akajitanda kanga, akampitia Heri kinyozi, akatoka na kifurushi kwapani, moja kwa moja hadi barazani.

"Shikamoo, Maulana."

"Marahaba. Umekuja kulalamika?"

"Hasha. Nimekuja kufundishwa. Nasikia Kadhi amerudi na elimu."

Sultani akafurahi. Akajinyoosha kitini. "Sikiliza basi. Kule Tundani, sheria yasema wazi: mwanamke asiuze. Huo ni ubaguzi, aibu tupu! Kule Shangoni, sheria yasema: wote wapimwe kwa kipimo kimoja. Huo ndio usawa. Nami nimefuata Shangoni."

"Umefanya vyema, Maulana. Kwa hiyo Tundani mwanamke hufukuzwa kwa jina lake, na hapa hufukuzwa kwa kidevu chake."

"Hapa hafukuzwi mtu! Sheria yangu haikumtaja mwanamke hata kidogo."

"Kweli, haikututaja. Imetupita tu kwa juu, kama mtu anayeruka dimbwi."

Watu wa barazani wakakohoa. Kicheko cha mbele ya sultani hukoholewa.

"Mize," sultani akasema, "hata mwanamume asiye na ndevu hauzi. Jana tu tumemrudisha Fumo, yule mwenye kidevu kama yai."

"Maskini Fumo! Na wanaume wengine?"

"Wengine wana ndevu."

"Na wanawake mliowarudisha?"

Sultani akamtazama Kadhi. Kadhi akaitazama dari. "Wote, Maulana," akasema taratibu.

"Ama kipimo hicho kina macho," Mize akasema. "Kadhi wangu, huko ulikozunguka hukuona mji wa tatu?"

Kadhi akajibu: "Niliuona. Vikoani. Wao, sheria ikishatungwa, hakimu huenda kusimama mlangoni, akaangalia nani ameachwa nje na kwa nini. Akiona wameachwa watu wa namna moja bila sababu ya maana, sheria hiyo huivunja."

"Wapumbavu!" sultani akafoka. "Sheria husomwa kwa maneno yake, si kwa kuchungulia milangoni!"

"Kwa maneno yake tu?"

"Kwa maneno yake tu!"

"Alhamdulillahi." Mize akafungua kifurushi. Zikamwagika ndevu mkekani: nyeusi, za mvi, za hina, fundo zima la ndevu za nusu ya mji. "Mbiu ilisema *awe na* ndevu. Nami ninazo. Pima shubiri, Maulana. Zikipungua, Heri kinyozi ataniongezea."

Safari hii watu hawakukohoa. Walicheka mpaka Kadhi akajifuta machozi kwa kilemba.

Sultani akasimama, uso umemwiva. "Kadhi, andika! Ndevu ziwe zimeota kidevuni mwa mwenye bidhaa, yeye mwenyewe! Si za kununua, si za kuazima!"

"Na akituma mtu amuuzie?" Mize akauliza, mpole kama mkwe mpya.

"Hapana! Kidevu ni cha mwenye mali!"

"Hata mkubwa?"

"Mkubwa na mdogo. Nimesema sheria ni moja. Asiye na ndevu, bidhaa yake itoke sokoni leo hii!"

Kadhi akaandika. Wino ukakauka. Mize akazirudisha ndevu katika kifurushi, akakifunga polepole, akainuka kama mtu aliyeshindwa. Alipofika mlangoni akageuka.

"Maulana, zile nazi zilizojaa upande wa magharibi wa soko, nasikia ni za shamba la Bibi Mkubwa, mama yako. Tumwambie azitoe mwenyewe, au utamtuma Kadhi akampime kidevu?"

Kadhi akaiangusha kalamu. Baraza zima lilimjua Bibi Mkubwa. Hapakuwa na askari aliyewahi kumwambia neno akarudi na kofia yake kichwani.

"Una wazimu wewe?" sultani akapiga kelele. "Mama yangu ni mwanamke! Atazitoa wapi ndevu?"

"Ndilo swali nililokuja kukuuliza, Maulana."