Timu Isiyokabwa

Wapendwa, katika enzi zile wachezaji walipokuwa wakisafiri wima kwenye lori, palikuwa na chuo kimoja cha ualimu ambacho timu yake ya mpira ilifungwa msimu mzima. Ilifungwa nyumbani na ugenini, kwenye jua na kwenye tope. Mashabiki wa vyuo vingine wakawa wanawapokea getini kwa kelele: "Karibuni, wagawa magoli! Leo mmetuletea mangapi?" Ikabaki mechi moja. Mkuu wa chuo akatamka kwamba wakipoteza na hiyo, timu inavunjwa.

Sasa tulipime jambo hili kwa utaratibu, maana liliwachanganya hata wao wenyewe. Je, walikuwa wavivu? La; walifika uwanjani kabla ya jua kuchomoza. Je, hawakuwa na vipaji? Mbona mazoezini kikosi cha kwanza kiliwashinda wachezaji wa akiba kila siku, tena kwa magoli ya kupendeza? Kocha, aliyekuwa mwalimu wa hisabati, alichora mishale ubaoni, akafuta, akachora tena. Akabadili kipa. Akabadili mfumo. Akabadili hata rangi ya jezi. Hesabu ikakataa. Ninyi mnaionaje? Timu inayoshinda kila siku inawezaje kushindwa kila Jumamosi?

Nahodha akamfuata beki mmoja wa akiba.

"Ndugu yangu, mbona nikija kwako napita kama mlango uko wazi, lakini kwa mabeki wa vyuo vingine sipiti?"

Beki akacheka. "Kwani hujui? Tangu msimu uanze tumekatazwa kuwakaba. Mwalimu alisema tusije tukawaumiza nyota wake."

"Kwa hiyo yale magoli yangu yote ya mazoezini...?"

"Tulikuwa tunakupisha, kaka."

Nahodha akaenda kwa kocha, akaomba katazo lile liondolewe, na kocha akakubali. Jioni hiyo wachezaji wa akiba walikaba kwelikweli, hata nyota wakashindwa kuvuka nusu yao ya uwanja.

Bila shaka mnatazamia niseme kwamba walijifunza, wakashinda. Sivyo. Nyota walimwendea kocha wamevimba kwa hasira: "Mwalimu, hawa wanatuchezea rafu! Wanatuvunja moyo kabla ya mechi!" Na aliyepaza sauti kuliko wote alikuwa nahodha yuleyule. Kocha akawaondoa wachezaji wa akiba mazoezini. Nyota wakabaki peke yao, wakifunga kwenye goli tupu na kupongezana. Jumamosi wakafungwa, timu ikavunjwa.

Tusiwacheke. Nasi tunashangaa: humu ndani tunasali, tunaimba vizuri, lakini nyumbani na sokoni tunashindwa na hasira ileile, na uongo uleule. Tunaulizana, tubadili kwaya? Tubadili saa ya ibada? Hebu tuulize jambo lingine: ni nani bado ana ruhusa ya kutukaba? Mke aliyesema, "Baba, hapa umekosea," tulimjibuje? Kijana aliyeuliza kikaoni kwa nini wajane hawatembelewi, bado yumo kwenye kamati?

Wiki hii kila mmoja wetu amtafute mtu aliyewahi kumwambia ukweli, akanyimwa salamu kwa sababu hiyo. Asimpelekee maelezo. Aketi, amwambie: "Lile neno ulilotaka kuniambia siku ile, nikakukatiza. Limalizie."