Kidaftari cha Namkunda

Aibaye daftari huiba na makosa. Mama yenu alimwambia Zaina maneno hayo asubuhi, nanyi wajukuu zangu mmekuja mbio kuniuliza yametoka wapi. Haya, kaeni. Methali hii ilianza hivi.

Katika nyumba moja ya wageni kule Lushoto walikuwapo wahudumu wawili. Mwajabu alikuwa ametandika vitanda miaka tisa. Namkunda alikuja juzi tu. Mwenye nyumba, Bi Shekilindi, akatangaza kuwa atakayemshinda mwenzake kwa Kiingereza ndiye atakayekaa mapokezi, akawaletea mwalimu kila alasiri.

Kilichowatoa jasho ni "he" na "she". Sisi tuna yeye mmoja tu, awe baba awe mama, na anatutosha. Waingereza wanataka mwanamume awe na lake, "he", na mwanamke awe na lake, "she". Mwanzoni Namkunda ndiye aliyevuruga zaidi. Lakini kila aliposahihishwa aliandika kitu kwenye kidaftari cha bluu, akakitia mfukoni mwa aproni. Baada ya miezi miwili mwalimu hakuwa na sifa ila za Namkunda.

Mwajabu akashikwa na wivu, wivu hasa, ule wa kumnyima mtu usingizi na hamu ya ugali. "Huyu hanizidi akili," alijiambia. "Siri ni kile kidaftari." Siku tatu kabla ya mtihani akakichomoa kwenye aproni iliyotundikwa msumarini, akakariri kurasa zote. Mengine yaligongana na aliyofundishwa, lakini wivu ukamwambia hiyo ndiyo siri yenyewe. Namkunda alikitafuta mpaka chini ya majiko.

Siku ya mtihani walitakiwa kumkaribisha mgeni na mkewe. Mwajabu akatangulia, kifua mbele. Akamwita bwana "she", akamwita bibi "he", tena kwa sauti ya kujiamini. Mgeni akamtazama mkewe. Mkewe akajipapasa kidevu, asije akawa ameota ndevu.

Namkunda akaduwaa. "Dada Mwajabu, maneno hayo yametoka kwenye daftari langu."

"Ndiyo, niliiba!" Mwajabu alijibu, machozi yakimlengalenga. "Kila siku unasifiwa wewe tu, mimi na miaka yangu tisa sionekani! Lakini mbona yote ni makosa?"

"Ni daftari la makosa, dada. Kila nililokosea niliandika humo, nisilirudie."

"Na mbona hukuandika hivyo juu yake?"

"Nimwandikie nani? Lilikuwa langu."

Namkunda akakaa mapokezi. Mwajabu akarudi kwenye shuka zake, na watu wa jikoni wakapata msemo.

Kwa hiyo wewe Zaina, uliyenakili kazi ya jirani yako ukapata sifuri kama yeye, usimnunie mwalimu. Aibaye daftari huiba na makosa.