Mbuzi Aliyeitwa Nakiete

Jina lisilopewa mtoto hubebwa na mbuzi. Mmemsikia mama yenu akimwambia hivyo shangazi yenu, anayesita kumpa mwanawe jina la ndugu yetu aliyechukuliwa na kipindupindu, nanyi mkacheka. Kaeni. Methali hii ina kwao, na kwao ni huku huku milimani Upare. Kila neno ni kweli, isipokuwa yale nitakayoongeza.

Mwaka wa ndui kila nyumba ilifungwa. Msichana mmoja tu, Nakiete, alizunguka na mtungi akiwanywesha wagonjwa. Kisha ndui ikamshika yeye, na hakuna aliyempelekea hata kata moja ya maji. Mama yake, Bibi Nanzia, alimzika peke yake.

Ugonjwa ulipoisha, watu walikubaliana wasiwataje waliokufa, eti majina yangeirudisha ndui. Uongo. Walikuwa wanaona haya. Kwetu mtoto mchanga humrithi marehemu jina, lakini la Nakiete lilikataliwa kila nyumba. Basi Bibi Nanzia akampa mbuzi wake. Kila jioni akimwita, kijiji kizima kiliinamisha vichwa. Hata majogoo, nasikia, walikunja shingo.

Miaka ikapita. Mwanamume mmoja, Mbonea, akapata binti, na majirani wakakusanyika kwake kula na kumchagulia jina. Nje sauti ikapita: “Nakiete, rudi nyumbani.”

Mwanawe mdogo akauliza, “Baba, Nakiete ni nani?”

“Ni mbuzi,” akasema Mbonea.

Bibi Nanzia akasimama mlangoni. “Mwambie vizuri, baba. Mwambie ulipolala na ndui, mbuzi alikuletea maji.”

 Mbonea alijishika uso wake wenye makovu, kisha akamvuta mtoto karibu.

“Alikuwa mtu, mwanangu. Alininywesha mimi. Alipougua yeye, nilikwisha kupona, na nilimsikia akiomba maji. Nikafunga mlango.”

Mzee mmoja akamtaja mkewe. Mwingine, wanawe. Wakataja na kulia mpaka chakula kikapoa. Ndipo Mbonea akamweka mchanga mikononi mwa Bibi Nanzia. “Mama, tunakuomba jina.”

Bibi akampakata mtoto.

“Alikuwa na kiu sana,” akasema. “Huyu msimnyime maji.”

Kesho yake alimwita mbuzi “Nakiete” kwa mazoea, wala mbuzi hakugeuka. Aliendelea kula majani ya mihogo kama asiyehusika. Mjukuu wa mbuzi huyo alinithibitishia mwenyewe.

Basi nendeni mkamtazame mtoto wa shangazi yenu. Shangazi akiwauliza mlikuwa mnacheka nini, mwambieni: jina lisilopewa mtoto hubebwa na mbuzi.