Joho la Kapteni Jongoo

Nyie wa nyuma, sogeeni mbele. Hadithi yenyewe haina mwisho, kwa hiyo atakayesinzia katikati asije kuniuliza iliishaje. Mwisho mtautia ninyi. Kazi yangu ni kusimulia tu, tena bila upendeleo, ingawa mnanijua, mdomo wangu hauna breki.

Palikuwa na watu watatu pale Tukuyu, na hakuna hata mmoja wao aliyewahi kuiona bahari. Maji waliyoyajua ni mvua, na mvua ya Tukuyu ikianza imeanza. Wa kwanza ni Tumpe, mke wa Gwamaka, mwenye duka la steshenari karibu na soko, la kutoa kopi na kuchapa barua za watu. Wa pili ni Subilaga, dada yake Gwamaka, yaani wifi yake Tumpe, aliyefanya naye kazi humo dukani. Wa tatu ni Ambakisye, fundi cherehani aliyeweka mashine yake kwenye baraza ya duka hilohilo. Mvua ikinyesha wateja hawaji, na wateja wasipokuja, watatu hao wanakuwa maharamia.

Msicheke. Kulikuwa na mchezo wa mtandaoni, watu wanapigana meli kwa meli na kuporana baharini. Kompyuta ya dukani ni moja, kwa hiyo walimlea nahodha mmoja kwa pamoja, mwanamke wa kutisha, wakamwita Bibi Radi.

Tumpe alijaliwa jicho la vifaa. Wachezaji wengi ukiwafungulia sanduku la silaha wanakimbilia upanga mrefu unaong'aa, kama mtu anayenunua viatu vya harusi bila kuvijaribu. Tumpe anauliza kwanza: "Tunapigana na nani, na wapi?" Sitaha ikilowa, buti zito linateleza. Mahali pakiwa finyu, upanga mrefu unakwama kwenye kamba. Ngao nene inazuia risasi lakini inachelewesha mguu. Alimvika Bibi Radi kulingana na adui, wala hakujali uzuri.

Subilaga alijaliwa ramani. Alijua upepo wa mchezo ule unageuka saa ngapi, mkondo upi unasukuma meli na kisiwa kipi kina mahali pa kujificha. Ukimwambia "wifi, tupite wapi?" anafumba macho kidogo, kisha anaweka kidole kwenye kioo, na hapo ndipo.

Ambakisye alijaliwa vidole. Mtu anayepindisha kola huku anabishana na mteja na kutafuna muwa, kibodi itamshinda nini? Akishika kompyuta yeye, Bibi Radi anaruka, anachoma, anarudi nyuma, na adui bado anatafuta kitufe.

Sasa shikeni jambo hili, maana bila hilo hamtaelewa kilichomwaibisha Tumpe. Katika ukoo alioolewa, mkaza mwana haonani na baba mkwe. Hamtazami usoni, hamtaji jina, hakai naye chumba kimoja. Wakikutana njiani, mwanamke anaingia migombani mpaka mzee apite. Ni heshima, wala hakuna ugomvi. Baba mkwe wa Tumpe, mwalimu mkuu mstaafu, nyumba yake ilitazamana na ya Tumpe, ua kwa ua. Jicho lake la kushoto lilikuwa limekufa kwa mtoto wa jicho, na Tumpe alijifunza mapema kwamba akimpitia upande huo, mzee haoni kitu, na hakuna anayelazimika kusimama wala kujificha. Akawa anapita kushoto kwake, kimyakimya, miaka yote ya ndoa.

Mzee alilijua hilo. Alimwambia mkewe: "Yule mtoto ana adabu. Anapita upande wangu wa giza ili asinisumbue."

Ndipo mzee akatangaza kwamba siku ya ubatizo wa mjukuu wake Lugano, mwana wa Tumpe, atamfungulia mkaza mwana wake. Mbele ya ndugu wote Tumpe atakuja, atamwamkia, na mzee ataitikia. Baada ya hapo wataishi kama mtu na binti yake. Tumpe alifurahi mpaka akawa anajizoeza peke yake mbele ya mashine ya kopi: "Shikamoo, baba. Shikamoo, baba." Baba mzazi alimfia mapema. Neno hilo alikuwa na hamu nalo.

Naona wengine mmeanza kuguna. Subirini.

Baharini kule kwenye mchezo alikuwapo nahodha mmoja aitwaye Kapteni Jongoo. Hana haraka, lakini hapitwi. Alivaa joho jekundu ambalo hakuna mwingine aliyekuwa nalo, na akishuka bandarini, wachezaji wote waliacha shughuli zao wakamwandikia, "Shikamoo, Kapteni!" Naye aliwajibu mmoja mmoja. Watatu wetu wakalitamani joho lile. Na sheria ya mchezo ni hii: ukimshinda mwenzako pambano la sitahani, unamvua unachotaka, na yeye anarudishwa bandarini na alichobakiwa nacho.

Subilaga ndiye aliyetafuta njia. Alimfuatilia Jongoo safari hadi safari, akagundua kwamba lazima apunguze mwendo kwenye mlango mwembamba kati ya visiwa viwili. Akaificha meli ya Bibi Radi nyuma ya jabali, upepo ukiwa mgongoni. Bila yeye, Jongoo wasingemwona ila kwa mbali.

Tumpe ndiye aliyechagua vifaa. Aliangalia mapambano ya zamani ya Jongoo, akaona kitu ambacho wengine hawakukiona: akishambuliwa kutoka kushoto, huchelewa kugeuka. Kulia ni moto, kushoto amelala. Hapo kitu kilimgusa Tumpe moyoni. Akahisi kwamba mtu huyu anamjua, ila hakujua kutoka wapi. Angesimama hapo kidogo tu, ninyi na mimi tungekuwa tumeshalala. Lakini tamaa ya joho ilikuwa mbele, akaisukuma ile hisia kando. Akamvua Bibi Radi upanga mrefu, ngao na buti. Akampa viatu vya ngozi laini visivyo na kishindo, na kisu kifupi cha kuufikia ubavu wa kushoto wa adui. "Mpitie kushoto," akamwambia Ambakisye. "Kushoto tu." Bila yeye, Jongoo angewakata vipande.

Ambakisye ndiye aliyepigana. Jongoo alikuwa mkali, Bibi Radi akabaki na pumzi kiduchu, na vidole vya fundi ndivyo vilivyomwokoa: akajirusha, akapita kushoto, akachoma, akapita kushoto tena. Jongoo akapiga magoti. Bila yeye, ramani na kisu vyote vingekuwa mapambo.

"Tuchukue joho tu," Ambakisye akasema, "tumwachie vingine, ni mtu mzima."

"Mvue vyote!" Subilaga akapiga kelele.

Ambakisye akabonyeza. Wakamvua joho, kofia, buti, shati, suruali. Na Tumpe, kwa furaha, akaiinamia kibodi akaandika mbele ya bandari nzima: "Leo jongoo hapandi mtungi!"

Wakubwa mmenielewa. Watoto, msiulize.

Wakacheka mpaka wakashikana mabega. Kisha ugomvi ukaanza, maana joho lile linashonwa jina moja tu kifuani, la mshindi.

"Jina langu," akasema Subilaga. "Nani aliwafikisha?"

"Na tulipofika tulimpiga kwa kitu gani, kwa ramani?" Tumpe akamjibu. "Siri ya kushoto ni yangu."

"Basi siri yenu ingepigana yenyewe," akasema Ambakisye akiinua vidole. "Mimi nilikuwa natengeneza chai?"

Wakaachana wamenuniana, joho halina jina.

Asubuhi yake mvua ilikuwa imetulia, na mama mkwe akaingia dukani, amejitanda kitenge, simu mkononi.

"Mama Lugano, mwanangu, ninyi ndio watu wa kompyuta. Nisaidieni. Baba yenu hajala tangu jana. Kuna watu wamemvua nguo."

"Wamemvua wapi, mama?" Subilaga akashtuka. "Njiani?"

"Kwenye simu! Ule mchezo aliowekewa na Gwamaka alipostaafu. Mnajua alivyokuwa, anaamka hana shule ya kwenda, hana wa kumwamkia. Humo angalau wanamwita Kapteni. Sasa tazameni wenyewe."

Akawageuzia simu. Bandarini, katikati ya watu, amesimama Kapteni Jongoo na chupi yenye vidoti, mikono imening'inia. Na juu ya kichwa chake bado yanaelea yale maneno ya Bibi Radi.

Tumpe alijifunika uso kwa viganja vyote viwili, kama mtu aliyefungua mlango wa bafu na kumkuta mkwewe ndani. Aibu ilimpanda kutoka miguuni. Upande wa kushoto! Njia aliyompitia miaka yote ili asimsumbue, ndiyo njia aliyomwelekeza mtu akamchome. Yeye ambaye hakuwahi hata kumtaja jina, amemwandikia maneno yale! Alitamani ardhi ipasuke.

"Mama Lugano, unaumwa?" mama mkwe akauliza.

"Kichwa, mama."

"Pole, mwanangu. Haya, sikieni alivyosema. Sikutarajia. Mzee hakukasirika. Kaona haya, chakula hakipiti, lakini hasira hana. Anasema, 'Huyo aliyenishinda ni fundi, kaniona mahali ambapo hata madaktari walichelewa kupaona. Mtafuteni. Asinirushie joho mlangoni kama mwizi. Aje siku ya ubatizo na uso wake. Nitamkalisha kwenye kiti cha kulia kwangu, upande wa jicho zima, nimwone vizuri, kisha nimpe ile fimbo yangu ya ualimu mkuu.' Mtanitafutia, sivyo?"

Cherehani ya Ambakisye ndiyo iliyojibu, naye anashona hewa, maana kitambaa kilishaanguka. Mama mkwe akashukuru, "Ndaga," akatoka.

Basi ugomvi ukarudi, lakini sasa umevaa nguo ndani nje.

"Mimi nilionyesha njia tu," akasema Subilaga. "Mwenye kuonyesha njia amemvua nani?"

"Ulisema mvue vyote! Baba yako mzazi!" Ambakisye akamkumbusha. "Mimi ni vidole tu. Vidole vinatumwa."

"Vidole vingekataa."

Wakamgeukia Tumpe. Alikuwa ameshika gauni ambalo Ambakisye alimshonea kwa siku ile, anachezea pindo lake.

"Wifi, usiseme," Subilaga akamwambia kwa upole. "Baba akijua ni wewe, atakufunguliaje? Aende Amba. Yeye ni mwanamume, si wa ukoo, aibu yake ni ndogo. Apokee fimbo, yaishe."

"Nipokee sifa ya jicho ambalo si langu?" Ambakisye akasema. "Nikiulizwa, 'Ulijuaje kushoto?' nitajibu nini?"

"Basi niende mimi, binti yake," Subilaga akasema. "Atanisamehe." Kisha akaongeza kwa sauti ya chini: "Ila atajua tu. Mimi nimekua naye, na siku zote nampitia mbele. Anayempitia kushoto ni mmoja."

Wakampelekea mama mkwe neno kwamba mshindi amepatikana na atakuwapo, bila kumtaja. Siku ya ubatizo ikafika. Ndugu wamejaa uani, ndizi na nyama zimeiva, Lugano amebatizwa na amelala. Kulia kwa mzee kuna kiti kitupu. Mzee amevaa koti lake la zamani la shule, simu mfukoni, na amekataa sahani mpaka mgeni wake afike.

"Mambo mawili leo," akasema. "Kwanza akae aliyenishinda, maana mgeni hangojeshwi. Kisha aje mkaza mwana wangu, nimfungulie. Mke wangu ameniambia huyo mshindi amepatikana, na kwamba yupo hapahapa. Haya, ainuke."

Ambakisye amesimama karibu na jiko, amevaa suti aliyojishonea, hajui aweke wapi mikono. Subilaga anatazama vidole vya miguu yake. Nyuma ya pazia la mlango, Tumpe amevaa gauni jipya. Anairudia ndani kwa ndani ile "Shikamoo, baba" aliyoifanyia mazoezi. Akinyamaza, ataitwa baadaye, ataamkia, ataitikiwa, na atakuwa binti wa mtu asiyejua alichotendewa. Akiinuka, atakaa upande wa kulia, kwenye jicho linaloona, kabla hajafunguliwa, na ukoo mzima utamwona. Na mzee atajua kwamba adabu aliyoisifu ndiyo iliyomwonyesha mtu pa kumchoma.

"Mbona kimya?" mzee anauliza. "Aliyeweza kunivua anaogopa kunitazama?"

Hapo ndipo nilipoishia mimi. Njia aliitafuta Subilaga, kisu alikichagua Tumpe, mkono ulikuwa wa Ambakisye. Mmoja alisema mvue vyote, mmoja akabonyeza, mmoja akaandika. Joho halina jina hadi sasa. Kiti ni kimoja, fimbo ni moja, na aibu, sijui kama inagawanyika au kila mtu anabeba nzima.

Chakula kinapoa na mzee bado hajagusa sahani. Haya, wewe hapo, uliyecheka kuliko wote ilipotajwa ile chupi ya vidoti: ungemkalisha nani kwenye kile kiti?