Insha ya Kibao cha Shingoni

Mtumwa si yule wa minyororo peke yake. Yupo pia anayetembea huru, suti imemkaa vizuri, lakini hathubutu kuwa yeye mwenyewe mpaka mwingine amruhusu. Huyo ndiye waliyemlenga wahenga waliposema mkataa kwao ni mtumwa.

Milembe, mwalimu wa sekondari mjini Bariadi, alikuwa ameandika insha kwa miaka kumi, zote zikiuliza swali moja: Mtanzania ni nani? Hatimaye insha yake moja iliteuliwa kusomwa kwenye tamasha la mkoa na kuchapishwa kitabuni. Humo alisimulia jinsi alivyovishwa kibao shingoni akiwa darasa la tatu huko Lalago, kwa kosa la kumsalimu dada yake kwa Kisukuma.

Katibu wa tamasha alikuwa Novatus, aliyesoma naye darasa hilohilo. Hakuna mtoto aliyekivaa kibao kile mara nyingi kumshinda yeye. Sasa alimwita Milembe ofisini, akamtaka aiondoe aya ya kibao pamoja na maneno yote ya Kisukuma, maana wageni kutoka Dodoma wangeuona huo ni ukabila.

"Kiswahili nakipenda, ndiyo maana nakitumia kuandika," Milembe alijibu. "Lakini taifa lisilotaka kumsikia mama yangu limejengwa kwa ajili ya nani? Sifuti hata nukta."

Basi jina lake likafutwa kwenye ratiba na kitabuni. Alirudi nyumbani moyo ukimchoma kama kaa la moto, kwani kitabu hicho alikiota miaka yote. Hata hivyo, siku ya tamasha alidamka, akaketi safu ya mbele, insha mkononi.

Mayu Kija, mama mzee aliyechaguliwa na wakulima wa pamba wa Lalago, aliitwa kuwasalimu wageni. Alizungumza Kisukuma, lugha pekee iliyomtoka bila kukwama. Mgeni rasmi akamgeukia katibu ili amtafsirie.

Jasho lilimtiririka Novatus. "Samahani, mheshimiwa. Mimi Kisukuma sikijui."

Milembe akasimama bila kuitwa.

"Mama anawashukuru kwa kumtunza katibu wenu," alisema, "kwa sababu ni mwanawe wa pekee, na hajafika nyumbani mwaka wa sita huu."

Hakuketi. Alikunjua karatasi zake akaanza kusoma. Mlinzi alipomsogelea, alizidi kupaza sauti. Alisoma aya ya kibao neno kwa neno, na wakulima wakainuka mmoja mmoja. Hata kama insha ile isingeingia kitabuni, ilikuwa imekwisha kuingia masikioni mwa watu.

Alipomaliza, makofi yalirindima. Mayu Kija naye alipiga, macho yamemlowa. Novatus aliinua mikono, akasita, akamtazama kwanza mgeni rasmi kuona kama naye anapiga. Hakika, mkataa kwao ni mtumwa.